Barua ya wazi kwa Kamishna: Msitunyime chakula kwa mahojiano ambayo ofisi ndiyo iliyoshindwa kuyafanya

Kwa Mheshimiwa Kamishna,
Idara ya Huduma za Jamii ya Jimbo letu.

Februari 2026

YAH: KUFUNGWA KWA KESI ZA MSAADA WA CHAKULA (SNAP) ZA WATU WANAOSTAHILI

Mheshimiwa Kamishna,

Naandika hadharani kwa sababu milango ya ndani nimeibisha yote. Malalamiko yangu ya maandishi yalijibiwa kwa barua ya shukrani inayofanana neno kwa neno na ile aliyopata jirani yangu, ambaye alikuwa amelalamikia jambo jingine kabisa. Msimamizi wa ofisi alinisikiliza kwa adabu, akaandika, akanipa namba ya kupiga. Namba hiyo ndiyo ileile niliyokuwa nimekwenda kuilalamikia.

Naandika kwa Kiswahili kwa makusudi. Matangazo ya idara yako yanasema kila mtu anaweza kuhudumiwa kwa lugha yake bila malipo. Kwa hiyo sikuambatanisha tafsiri.

Mimi nilikuja nchi hii kama mkimbizi kutoka Kivu Kusini, na sasa ni raia wa Marekani. Jumamosi, na jioni nikitoka kazini, huwa nakaa chumba cha nyuma cha kanisa letu nikiwasaidia watu kujaza fomu. Wengi ni Wakongo na Warundi, wapo Wasomali waliopitia Kenya, na mara mojamoja huingia Mmarekani wa mtaani asiyejua hata neno moja la Kiswahili, ila shida yake ni ileile ya simu. Sitataja jina la ofisi wala la mtumishi. Hili si kosa la mtu mmoja, na sitaki mtu apoteze kazi kwa sababu yangu. Wengine kati ya hao watumishi nao wanaishi kwa mishahara inayowapeleka kwenye foleni hizihizi.

Kwa wasomaji ambao mambo haya hawajayapitia, nieleze kwanza ni nani anastahili, maana wengi hujikatia tamaa kabla ya kuomba. Jimbo letu linafuata kikomo cha serikali ya shirikisho: mwaka huu wa bajeti, familia ya watu wanne isizidishe dola 3,483 kwa mwezi kabla ya makato, na anayeishi peke yake asizidishe dola 1,696. Kinachohesabiwa kuwa kaya ni wale wanaonunua na kupika pamoja, yaani wanaokula chungu kimoja, hata kama nyumba ina watu zaidi. Mpwa wako aliyefikia kwako wiki mbili zilizopita na anajipikia chakula chake anaweza kuwa kaya yake mwenyewe. Kiwango cha juu kabisa kwa watu wanne ni dola 994 kwa mwezi, na kinashuka kadiri kipato kinavyopanda. Aliyefikisha miaka 60, au mwenye ulemavu, ana nafuu zake: gharama zake za matibabu zinazozidi dola 35 kwa mwezi hupunguzwa kwenye hesabu, ila ni lazima azitaje na kuzithibitisha. Karibu kila mzee niliyekaa naye hakuwahi kuulizwa.

Mheshimiwa, haya ndiyo ninayolalamikia.

1. Mahojiano ya simu.

Kanuni za shirikisho zinaipa idara siku 30 kumaliza ombi, na siku 7 kwa mtu aliyeishiwa kabisa: kwa mfano, mwenye kipato kisichofika dola 150 kwa mwezi na akiba isiyozidi dola 100, au ambaye kodi ya nyumba na umeme vinazidi kipato na akiba yake kwa pamoja. Katikati ya safari hiyo lazima mwombaji ahojiwe, na siku hizi karibu mahojiano yote ni ya simu. Kwenye karatasi jambo hili ni rahisi.

Mambo yanavyokwenda hasa ni hivi. Barua ya kupanga mahojiano inaandikwa kwa Kiingereza na mara nyingi inafika siku yenyewe imeshapita. Ikiwahi, inasema utapigiwa kati ya saa mbili asubuhi na saa kumi na moja jioni. Mtu anayefanya kazi kwenye kiwanda cha nyama huacha simu kwenye kabati kabla ya kuingia kwenye mstari wa kukata, na hawezi kumwambia msimamizi wake kwamba leo ataibeba kwa sababu huenda serikali ikapiga. Simu inapigwa mara moja, kwa namba iliyofichwa, hakuna ujumbe. Baadaye inakuja barua kwamba amekosa mahojiano na apige mwenyewe. Anapiga. Anasikia Kiingereza, kisha Kihispania, kisha muziki, na baada ya kusubiri muda wote wa mapumziko yake ya chakula, simu inakatika yenyewe. Siku ya 30 ikifika, ombi linakataliwa, na sababu inayoandikwa ni kwamba mwombaji hakukamilisha mahojiano.

Mheshimiwa, sentensi hiyo si ya kweli. Mwombaji alipiga, na rekodi za simu zenu zinaonyesha hivyo. Aliyeshindwa kukamilisha mahojiano ni idara, lakini anayelala bila chakula ni mwombaji, na juu yake faili lake sasa linasomeka kana kwamba yeye ni mzembe.

Wala usiniambie kwamba hili ni manung'uniko ya watu wachache wa kanisa moja. Mwaka 2024 hakimu wa shirikisho huko Missouri aliamua kwamba idara ya jimbo lile ilivunja sheria ya SNAP kwa kuwakatalia watu kwa kukosa mahojiano ilhali kituo chake cha simu hakipokei, na kwamba iliwakosea pia watu wenye ulemavu. Missouri si jimbo letu, ila simu zetu zinaita vilevile.

Najua jibu litakalokuja: watumishi ni wachache. Naliamini. Najua pia kwamba sheria iliyotiwa saini tarehe 4 Julai 2025 inaliongezea jimbo mzigo: kuanzia Oktoba mwaka huu, sehemu ya gharama za uendeshaji inayobebwa na jimbo itapanda kutoka nusu hadi robo tatu. Siombi miujiza ya bajeti. Naomba upungufu wa ofisi usiandikwe kwa jina la mwombaji.

Kuna jambo jingine ambalo halisemwi wazi, nami nitalisema. Kuanzia Oktoba 2027, jimbo lenye makosa ya malipo ya asilimia 6 au zaidi litaanza kulipia sehemu ya chakula chenyewe, hadi asilimia 15. Kwa hiyo kila ofisi imeingiwa na hofu na inadai karatasi juu ya karatasi. Lakini kiwango hicho kinapima waliolipwa pungufu au zaidi, na waliolipwa wasiostahili. Mtu aliyekataliwa kimakosa hahesabiwi humo. Anaingia kwenye kipimo kingine ambacho hakina bili nyuma yake. Ukimlipa mtu vibaya, jimbo linaumia. Ukimfukuza vibaya, jimbo haliumii hata senti. Sisemi kwamba kuna aliyekaa akapanga hivyo. Nasema mtumishi aliyechoka, mwenye faili mia mbele yake, anajua kufunga kesi hakumletei taabu.

Nilikulia Nyarugusu, kambi ya mkoa wa Kigoma iliyofunguliwa 1996. Siku ya posho tulipanga foleni juani kusubiri unga, kunde na mafuta, na posho ilipopunguzwa tulilalamika sana. Lakini jina lako likikosekana kwenye orodha kulikuwa na dawati la kwenda, na nyuma ya dawati kulikuwa na mtu anayekusikia. Sikudhani ningekuja kulitamani dawati lile nikiwa Marekani.

2. Lugha.

Nitapewa jibu kwamba kuna huduma ya wakalimani kwa simu. Ipo, na mkalimani akipatikana huwa hodari. Tatizo ni kwamba ili umwombe mkalimani lazima kwanza ujue Kiingereza cha kutosha kupita kwenye mashine inayopokea simu. Matokeo yake ni kwamba anayezungumza na ofisi ni mtoto wa darasa la sita, akiwa ameketi pembeni ya mama yake, akitafsiri kodi ya nyumba, deni la umeme na sababu ya baba kutokuwepo. Kuna maswali ambayo mama hawezi kuyajibu mbele ya mwanawe. Basi anajibu nusu, na nusu hiyo inakuja kuitwa udanganyifu.

Kifungu cha VI cha Sheria ya Haki za Kiraia ya 1964 bado kipo. Amri ya rais ya Machi 2025 iliyokifanya Kiingereza kuwa lugha rasmi haikufuta sheria ya Bunge, na kanuni za SNAP zenyewe zinataka ofisi iwe na watumishi wa lugha au wakalimani pale penye kaya za kutosha za kipato cha chini zinazozungumza lugha moja. Kiswahili katika mji wetu si lugha ya mgeni mmoja aliyepotea njia. Shule zinatuma barua kwa Kiswahili. Hospitali inabandika matangazo kwa Kiswahili. Ninyi, mnaoshika chakula, mmebaki nyuma ya kliniki ya meno.

3. Wakimbizi, na watoto wao ambao ni raia.

Sheria ya Julai 2025 imewaondoa kwenye SNAP wakimbizi na waliopewa hifadhi mpaka wapate kadi ya ukaazi wa kudumu. Naiona ni sheria mbaya. Watu walioletwa na nchi hii yenyewe, baada ya kuchunguzwa kwa miaka, wananyimwa unga wakati wanapouhitaji kuliko wakati wowote. Lakini haikutungwa na wewe, na leo sikushitaki kwayo.

Ninachokulaumu ni namna mnavyoitekeleza. Nimeona kaya nzima ikifungwa wakati ndani yake wamo watoto waliozaliwa katika hospitali ya mji huu. Watoto hao ni raia. Mzazi asiyestahili ana haki ya kuwaombea wanawe, na halazimiki kueleza hali yake ya uhamiaji ikiwa hajiombei mwenyewe. Barua ya kufunga kesi haikusema lolote kuhusu hilo. Nimeona pia mama mwenye kadi ya ukaazi akifungiwa kwa sababu kwenye mfumo wenu bado ameandikwa mkimbizi, na hakuna aliyemwomba alete kadi mpya kabla ya kumkata.

Halafu kuna miaka mitano. Watu wanaambiwa kwenye kaunta kwamba hata wakipata kadi watasubiri miaka mitano. Huo ni utaratibu wa wahamiaji wengine. Sheria ya 1996 inamwondolea sharti hilo aliyeingia kama mkimbizi. Naelewa kwamba waraka wa Oktoba 2025 wa Wizara ya Kilimo, ambayo ndiyo inayosimamia SNAP nchi nzima, ulileta mkanganyiko mpaka majimbo kadhaa yakaenda mahakamani. Mkanganyiko wa Washington unaweza kuelezwa kwa aya moja ya barua. Mngeandika aya hiyo, watu wasingeondoka kaunta wakiamini mlango umefungwa hadi 2031.

Na hofu nyingine: wazazi wanaogopa kuwaombea watoto chakula wakidhani watahesabiwa kuwa mzigo kwa serikali na kunyimwa kadi. Aliyeingia kama mkimbizi hapimwi kwa kigezo hicho anapoomba kadi ya ukaazi. Ofisi yako inajua. Iseme.

4. Hesabu ya kipato na saa za kazi.

Novemba na Desemba maghala ya mizigo hufanya kazi usiku na mchana. Baba anayelipwa dola 18.50 kwa saa, kwa saa 40 za wiki, hupata takriban dola 3,200 kwa mwezi, na familia yake ya wanne iko chini ya kikomo. Wiki nne za sikukuu anafanya saa kumi za ziada kila wiki. Mtumishi anachukua slipu hizo nne za mshahara, anazigeuza kuwa kipato cha mwezi, inatoka zaidi ya dola 4,400, kesi imekwisha. Januari zile saa za ziada hazipo, na pengine hata zile 40 zimepunguzwa. Kanuni zinamtaka mtumishi akadirie kipato kinachotarajiwa kwa miezi ijayo, si kuchukua wiki nono na kuitandaza mwaka mzima. Kumpigia mwajiri, au kumuuliza mwombaji mwenyewe swali moja, kungetosha.

Umri wa wanaotakiwa kuthibitisha saa 80 za kazi kwa mwezi nao umepandishwa hadi miaka 64, na mzazi ambaye mtoto wake wa mwisho amefikisha miaka 14 hasamehewi tena. Asiyethibitisha hupata miezi mitatu tu ndani ya miaka mitatu. Wengi wa watu wetu wanafanya kazi zaidi ya saa hizo mara mbili. Wanakatwa kwa sababu karatasi waliyoituma imekaa kwenye kompyuta yenu bila kufunguliwa, wakati tarehe ya mwisho haisubiri.

5. Tovuti.

Msituambie tuombe mtandaoni mpaka mbadilishe ule ukurasa wa kuthibitisha utambulisho. Unamuuliza mtu aliyefika mwaka juzi kuhusu mikopo ya zamani na anwani alizowahi kuishi Marekani. Na wakimbizi wengi walisajiliwa kambini wakiwa wamezaliwa Januari 1, kwa hiyo mfumo unawachanganya ndugu, majirani, hata watu wasiojuana, ilimradi majina yanafanana.

6. Kadi zilizoibiwa pesa.

Tangu Desemba 20, 2024, pesa ya chakula iliyoibwa kwenye kadi ya EBT, yaani kadi ya kulipia chakula dukani, hairudishwi tena kwa fedha za shirikisho. Onyo la kubadilisha namba ya siri mara kwa mara mlilitoa kwa Kiingereza. Sina la kuongeza hapa.

7. Haki ya rufaa.

Mtu akikatwa ana siku 90 za kuomba kusikilizwa, na akiomba kabla ya tarehe ya kukatwa kufika, anaweza kuendelea kupokea wakati kesi inasubiri, ingawa akishindwa anaweza kudaiwa. Ombi hilo si lazima liandikwe. Akisema kwa mdomo kwamba hakubaliani na anataka kusikilizwa, inatosha. Nimesikiliza simu, kwa ruhusa ya mwenyewe, ambapo mama alisema hivyo wazi kupitia mkalimani, akajibiwa aanze kuomba upya. Kuanza upya maana yake ni siku 30 nyingine, mahojiano mengine, na miezi iliyopita inapotea. Ofisi inapendelea njia hiyo kwa kuwa kwenye takwimu zake ombi jipya ni kazi mpya, lakini rufaa ni kosa lake.

Utaniambia pia kwamba wapo wanaodanganya. Wapo. Nimewahi kumkatalia mtu kumjazia fomu kwa sababu hiyo. Lakini mwongo huijua njia kuliko sisi, hapotei kwenye muziki wa simu. Vizuizi mlivyoviweka vinamchuja mzee asiyejua kusoma na mfanyakazi asiyeruhusiwa kushika simu.

Ninachoomba, Mheshimiwa Kamishna, ni hiki. Kwanza, kuanzia sasa ombi lisikataliwe kwa kukosa mahojiano iwapo rekodi zenu zinaonyesha mwombaji alipiga na hakupokelewa, na waliokataliwa hivyo tangu Oktoba 2025 warudishwe na walipwe miezi yao. Mna orodha, ni suala la kuitoa kwenye kompyuta. Pili, iwepo namba moja ambayo ukiipiga unasikia Kiswahili kuanzia neno la kwanza, na mahojiano yapangwe kwa saa ambayo mwombaji ameitaja, zikiwemo saa za jioni. Tatu, kila barua ya kufunga kesi kwa sababu ya uhamiaji ieleze haki ya watoto raia, na ieleze kwamba aliyeingia kama mkimbizi akipata kadi haingoji miaka mitano. Nne, watumishi waelekezwe upya kwa maandishi kuhusu saa za ziada za msimu na rufaa ya mdomo, na maelekezo hayo yawekwe hadharani ili sisi tunaosaidia watu tuweze kuyashika mkononi tunapokuja kaunta. Hili la ukurasa wa utambulisho najua litachukua muda, kwa hiyo katika kipindi hiki ombi la karatasi lipokelewe bila manung'uniko.

Sihitaji mkutano wa kupiga picha. Mtumishi wako mwenye mamlaka ya kufungua faili akija Jumamosi kukaa nasi, na kompyuta yake, tutampa kiti na kazi ya kutosha hadi jioni.

Kanuni zinaipa idara siku 30 kumjibu mwombaji. Nami naomba jibu la maandishi, kwa Kiswahili, ndani ya siku hizohizo. Lisipokuja, tutapeleka malalamiko ya haki za kiraia Wizara ya Kilimo, pamoja na nakala za barua za kukataliwa ambazo wenyewe wameridhia zitumike, na tutatafuta wanasheria wa msaada wa kisheria walioisoma hukumu ya Missouri.

Wako kwa heshima,

Mkazi na mpiga kura wa jimbo hili,
kwa niaba ya wanaokaa nami Jumamosi

Nakala:
Gavana wa Jimbo
Wajumbe wa Kamati ya Huduma za Jamii, Bunge la Jimbo
Ofisi ya Haki za Kiraia, Wizara ya Kilimo ya Marekani
Wachungaji, maimamu na viongozi wa jumuiya zetu